Juu ya Kutimiza Amri ya Kuwahamisha Watu katika Nyumba ya Chama

(Maneno yaliyosomwa na Karani wa Chama mbele ya Mkutano Mkuu wa Mwaka, Mombasa)



Halmashauri imetuagiza tusimame mbele yenu kueleza jambo lililosemwa sana mwaka huu, barazani, misibani, na hata kivukoni watu wakingoja feri. Nalo ni jambo la vyumba vitatu vya nyumba ya Chama, yaani chumba cha pili, cha nne na cha sita. Wengi wameuliza: Ikiwa Chama kilishinda mahakamani, mbona watu wale wangali wamo? Mwenzetu mmoja alifika hata kusema kwamba karani amenyweshwa chai. Hilo la chai tutaliacha, kwa kuwa daftari za fedha ziko mezani kwa Bwana Mweka Hazina, na kila mtu mwenye macho aweza kuzisoma. Lakini swali la kwanza ni swali la haki, nalo lastahili jibu.

Kwanza yafaa tukumbushane jinsi nyumba ile ilivyo. Wazee waliotutangulia waliijenga kwa michango yao juu ya kiwanja kisicho chao. Watu wa bara wakisikia habari hii hustaajabu, maana sheria iliyoletwa na Waingereza yafundisha kwamba kila kilichojengwa juu ya ardhi ni mali ya mwenye ardhi. Desturi ya pwani ni nyingine. Hapa Mombasa nyumba huweza kuwa ya mtu na ardhi ikawa ya mtu mwingine, naye mwenye nyumba akalipa kodi ya kiwanja kila mwezi. Ndiyo maana watu husema «nyumba bila ardhi». Maelfu ya nyumba zimesimama hivyo, Majengo, Likoni na kwingineko. Nyumba yetu ni mojawapo. Barua tuliyopewa na jamaa wenye kiwanja ingali katika kasha la Chama, nayo ina masharti mawili: kwanza, nyumba iwe makao ya wanachama, pili, asiwekwe humo mtu wa nje kwa kodi ya kutafuta faida. Tafadhali yashikeni masharti hayo mawili, kwa sababu tutayarudia.

Basi sisi wenyewe, Wazee, ni watu wa ruhusa. Na sisi nasi, juu ya ruhusa hiyo, tukawapa wengine ruhusa ndogo. Mgeni akifika kutoka nyumbani kutafuta kazi bandarini au mjini, Chama humpa chumba kwa miezi sita, naye hutoa mchango wa maji na wa mlinzi. Hatukuandikiana mkataba wa upangaji na mtu yeyote. Tuliandika jina katika daftari, tarehe ya kuingia, na tarehe ya kutoka. Tatizo letu ni kwamba tarehe ya kuingia tuliitunza vizuri, na ile ya kutoka tukaisahau sote pamoja.

Ruhusa ya namna hii ndiyo inayoitwa leseni katika Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012. Maana yake si ngumu. Leseni ni idhini ya kufanya katika ardhi ya mtu jambo ambalo, pasipo idhini hiyo, lingekuwa kosa la kuingia pasipo haki. Haimpi mtu sehemu ya ardhi, wala haiuziki, wala hairithiwi kama shamba. Mpangaji ana haki iliyo kubwa kuliko hiyo: amekabidhiwa chumba kiwe chake kwa muda, aweza hata kumfungia mlango mwenye nyumba, na kodi yake ina sheria zake. Mwenye leseni ni kama mgeni aliyekaribishwa. Lakini angalieni, mahakama haitazami jina tuliloliandika juu ya karatasi. Kumwita mbuzi kondoo hakumwoteshi sufu. Mahakama hutazama mambo yalivyokuwa: nani alishika ufunguo, fedha zilizotolewa zilikuwa za nini, na je, mtu aliachiwa chumba peke yake au aliweza kuhamishwa chumba hiki hadi kile.

Jambo hilo ndilo lililotuletea jasho mahakamani. Wakili wa wale jamaa watatu alisema kwamba maadamu walitoa fedha kila mwezi, wao ni wapangaji. Tukaulizwa daftari. Tunamshukuru Mungu kwamba daftari ilikuwapo. Ilionyesha kwamba mchango wa maji ni sawa kwa watu wote, mwenye chumba kikubwa na mwenye chumba kidogo. Kwamba ufunguo wa pili hukaa kwa Katibu. Na kwamba mara mbili watu walihamishwa vyumba dari lilipovuja. Mmoja wao akasema amekaa miaka kumi na mitatu, na kwamba sheria humpa mtu ardhi akiikalia miaka 12. Ni kweli kwamba sheria hiyo ipo, lakini ni kwa yule aliyekaa pasipo idhini ya mwenye mali, waziwazi na mfululizo. Aliyeingia kwa kukaribishwa hahesabiwi miaka hiyo maadamu ukaribisho ungali una nguvu. Basi tukapewa hukumu: ruhusa zimekwisha, watoke katika siku 90, na wasipotoka wahamishwe kwa kufuata sheria.

Siku ile tulitoka mahakamani tukipeana mikono. Kumbe kupata amri ni jambo moja, na kuitimiza ni jambo jingine kabisa. Na makosa yetu yote yako katika hilo la pili.

Amri ya kuhamisha ina majina. Humfunga yule aliyetajwa humo, na wale wanaokaa chini ya haki yake. Haiufungi mlango. Sisi tulioandika majina yale tuliyatoa katika daftari ya miaka mingi nyuma, wala hatukwenda kubisha hodi kutazama ni nani alalaye ndani. Kosa hilo ni letu, na twaomba radhi mbele ya mkutano huu.

Tuanze na chumba cha sita. Bwana aliyetajwa katika amri amekwisha kujenga kwake, anakaa na jamaa yake kwa raha, wala halali humo tangu muda mrefu. Chumba amekipangisha. Kila mwisho wa mwezi huja kuchukua kodi kwa kijana mmoja afanyaye kazi katika yadi ya makontena, na mchango wa maji hautoi. Kijana yule hakujua. Alionyeshwa chumba, akatoa fedha, akapewa ufunguo. Leseni ni ya mtu mwenyewe na haiwezi kupokezwa kwa mwingine, kwa hiyo kijana hana haki yoyote juu yetu. Lakini amri yetu haikumtaja, naye hakuitwa mahakamani hata siku moja kusema neno lake. Dalali wa mahakama akifika mlangoni na karatasi yenye jina la mtu mwingine, kijana ataomba mahakama imsikilize, na itamsikiliza.

Na hapa, Wazee, ndipo yale masharti mawili yanaporudi. Jamaa wenye kiwanja wamepata habari kwamba katika nyumba ya Chama kuna chumba kinachopangishwa kwa faida. Walituandikia barua ya adabu sana, fupi, wakiuliza ni akina nani walalao katika vyumba vyetu. Barua fupi ya adabu yatisha kuliko ndefu ya matusi. Ikiwa wataamua kwamba tumevunja sharti, wao nao waweza kuiondoa ruhusa yao juu yetu, nasi tutasimama pale pale waliposimama wale jamaa watatu, tukimwomba hakimu atazame jasho la wazee wetu lililo katika kuta zile. Kwa hiyo anayedhani kwamba jambo la chumba cha sita ni la ugomvi wa watu wawili, ajue kwamba paa lililo juu ya chumba hicho ndilo paa la vyumba vyote.

Chumba cha nne habari yake ni nyingine. Yule mwenzetu aliyetajwa katika amri amefariki. Alifariki kabla ya siku 90 kwisha. Chama hiki ndicho kilichosafirisha maiti yake mpaka nyumbani, na jina lake mtalisoma katika ukurasa wa misiba wa kijitabu hiki. Chumbani amebaki mjane wake na watoto watatu, na mkubwa wao atafanya mtihani mwisho wa mwaka. Kwa sheria ruhusa ya marehemu ilikuwa yake peke yake, haikumpitia mkewe. Lakini vile vile amri haiwezi kuruka kutoka kwa maiti ikamwangukia mjane. Yatubidi kurudi mahakamani, tuombe mwakilishi wa marehemu aitwe, apewe ilani, asikilizwe, ndipo amri itimizwe. Basi tungekuwa tumelipa nauli ya kumzika mume, kisha tulipe wakili wa kumtoa mke. Halmashauri ilipofika hapo katika mazungumzo, watu walinyamaza muda mrefu.

Katika chumba cha pili yuko fundi seremala, mtu wa amani. Yeye pekee ndiye ambaye amri imemkuta mwenyewe, jina lake, chumbani mwake. Kama ni kwa karatasi tu, yeye aweza kuhamishwa hata wiki ijayo. Naye ndiye aliyejenga jiko la uani kwa mbao na mabati yake, wanahalmashauri wakitazama. Na siku ya kulifungua tulikaa humo sote tukanywa chai na maandazi. Hatukumwambia neno siku ile. Sheria yamfikiria mtu wa namna hii: ukimwacha mtu agharimu mali yake mbele ya macho yako, huwezi kesho kujifanya hukuona. Twataja jambo hili ili mjue kwamba mtu aliye rahisi kumtoa ndiye asiyetukosea.

Sasa, katika mkutano mmoja wa Halmashauri, ushauri ulitolewa kwamba tusisumbuke na mahakama tena. Vijana wenye nguvu wapo. Waje saa nane za usiku, wang'oe milango na mabati, na asubuhi vyumba viwe vitupu. Ushauri huo ulipata makofi. Hatusemi nani aliupiga makofi, maana hata sisi tulivutwa nao kwa dakika chache. Lakini yafaa mkutano ujue hatari iliyomo.

Sheria ya Ardhi iliongezwa vifungu mwaka 2016, kuanzia 152A hadi 152I, juu ya kuwahamisha watu. Kwa ardhi ya mtu binafsi, mwenye mali humpa aliyekaa pasipo idhini ilani ya miezi isiyopungua mitatu, kwa maandishi, katika lugha ya taifa na lugha rasmi, ikieleza masharti ya kubomoa majengo na kuvuna mazao yaliyomo. Nakala hupelekwa kwa naibu wa kamishna wa kaunti na kwa afisa mkuu wa polisi wa eneo. Aliyepewa ilani aweza kwenda mahakamani, nayo mahakama yaweza kuithibitisha, kuibadili, kuiahirisha au kuifuta. Siku ya kuhamisha ikifika, wenye kufanya kazi hiyo sharti wajitambulishe na waonyeshe hati ya idhini. Wakiwa ni kundi la watu wanaohamishwa, maafisa wa Serikali wawepo. Heshima na uhai wa watu vilindwe; wanawake, watoto, wazee na walemavu waangaliwe zaidi; mali isiharibiwe, na inayoachwa nyuma itunzwe. Na mwenye jengo apewe nafasi ya kwanza kulibomoa mwenyewe na kuokoa vifaa vyake. Katika yote hayo hamna nafasi ya vijana wa saa nane za usiku.

Mtu asiseme hayo ni maneno ya vitabuni. Mwaka 2011 kijiji cha Mitu-Bell, karibu na uwanja wa ndege wa Wilson jijini Nairobi, kilipewa ilani ya siku saba. Watu wakakimbilia Mahakama Kuu, ikatoa amri ya kuzuia ubomoaji. Mwezi wa Novemba mwaka ule ule nyumba zikabomolewa hata hivyo. Shauri likapanda: Mahakama Kuu ikawapa watu haki mwaka 2013, Mahakama ya Rufaa ikaitengua hukumu hiyo mwaka 2016, na mwezi wa Januari 2021 Mahakama ya Juu ikasema neno la mwisho. Ilisema kwamba watu wasio na ardhi wanaofanya makao katika ardhi ya umma hawapati hati miliki kwa kukaa kwao, lakini makao yale hulindwa na kifungu cha 43 cha Katiba ya mwaka 2010, na kwamba hawawezi kufagiliwa kama takataka. Neno la takataka ni letu, si la majaji. Lakini ndiyo maana yake.

Shauri la Muthurwa latugusa karibu zaidi, kwa kuwa mwenye mali hakuwa Serikali. Ilikuwa hazina ya malipo ya uzeeni ya wafanyakazi wa reli, ikitaka kutumia ardhi yake kwa ajili ya wastaafu wake, jambo ambalo lenyewe halina ubaya. Wakaaji walikuwamo katika nyumba za zamani za reli. Mwaka 2010 ubomoaji ukaanza, wakaaji wakashtaki, na mwaka 2013 Jaji Lenaola akaamua kwamba haki zao zilivunjwa. Mwenye mali alikuwa na haki ya mali, na bado alishindwa kwa sababu ya njia aliyoitumia.

Na hapa hapana budi tukiri jambo jingine. Miezi michache iliyopita Halmashauri iliamuru bomba la chumba cha sita lifungwe, ili yule bwana apate kuja. Bomba lile ni moja na la chumba cha nne. Bwana hakuja, maana hanywi maji yale. Kwa siku tisa mjane alichota maji kwa majirani kwa ndoo, na majirani wakatucheka mtaani. Lilifunguliwa baada ya Mzee mmoja, aliye hapa leo, kupita akaona. Tangu siku hiyo sisi hatuamini tena katika njia za mkato.

Wako pia wanaosema kinyume: basi amri ikae kabatini, watu hawa ni ndugu zetu, wakati utatuliza mambo. Wazee, wakati hautulizi amri, waichakaza. Mwenye hukumu asipoomba itimizwe katika mwaka mmoja, hataweza kuitimiza mpaka kwanza yule mshindwa apewe ilani ya kuja kueleza kwa nini isitimizwe, na hapo mlango wa maneno hufunguka upya. Ikipita miaka 12 haina nguvu tena. Hukumu yetu sasa ina miezi kumi na mmoja. Na amri isiyotimizwa hugharimu kila upande. Ninyi nyote mwalijua shamba la Waitiki kule Likoni, ekari 930. Watu waliingia wakati wa fujo za mwaka 1997. Mwenye shamba akaenda mahakamani, akapata amri, na amri ikakaa miaka mingi bila kutimizwa. Mwisho wake Serikali ililinunua shamba, na mwezi wa Januari 2016 Rais akaja kugawa hati. Waliokaa walipata ardhi, na pengine ni vizuri. Lakini kwa miaka yote ile hakuna aliyelala usingizi mzuri, si mwenye hati wala mwenye nyumba. Na Chama chetu si Serikali. Hakuna atakayekuja kutununulia vyumba vitatu.

Njia yenyewe, kwa wanaoiuliza, ni hii. Aliyeshinda huomba mahakama itoe waranti ya kukabidhiwa mali. Waranti hupewa dalali wa mahakama mwenye leseni ya kazi hiyo, si mtu yeyote tu mwenye misuli. Ikiwa yahofiwa kutakuwa na fujo, dalali huomba mahakama iamuru polisi wawepo. Nao huja kulinda amani, si kubeba vitanda. Dalali hudai ujira wake kwa kiwango kilichowekwa, naye huanza kumdai aliyemtuma. Bwana Mweka Hazina amekwisha kuuliza bei, akarudi akiwa kimya.

Tuna neno moja kwa wanachama wenye vibanda kando ya barabara na katika ardhi ya umma, ijapokuwa si habari ya leo. Karatasi mnayoshika mara nyingi ni leseni ya muda. Kwa kifungu cha 20 cha Sheria ya Ardhi, leseni ya Tume ya Kitaifa ya Ardhi juu ya ardhi ya umma ambayo haijagawiwa haizidi miaka mitano. Isomeni tarehe yake kabla ya kuweka sakafu ya saruji. Anayetaka kusaidiwa kuisoma aje ofisini Jumamosi.

Baada ya mashauri mengi Halmashauri yaleta haya mbele ya mkutano, ili myakubali au myakatae.

Kwa chumba cha sita, maombi ya waranti dhidi ya yule bwana yapelekwe mahakamani kabla ya mwaka wa hukumu kutimia, na yeye aondolewe katika daftari ya Chama. Kijana aliyemo tumeonana naye. Apewe ilani yake mwenyewe ya miezi mitatu, kwa jina lake, na katika miezi hiyo asimlipe mtu kodi. Atoe mchango wa maji tu kama wengine. Amekubali kuondoka kwa tarehe hiyo, akatia sahihi. Aliuliza ni nani atakayemrudishia kodi aliyokwisha kulipa. Tulimwambia amdai aliyeipokea, na kwamba daftari yetu iko tayari kuwa shahidi. Nakala ya ilani tutawapelekea jamaa wenye kiwanja, pamoja na jibu la barua yao, likitaja kila alalaye katika nyumba ile, pasipo kuficha jina hata moja. Wengine katika Halmashauri walitaka tufiche mawili. Hatukukubali.

Kwa chumba cha pili, fundi amesema atatoka mwisho wa mwezi ujao ikiwa atachukua mbao na mabati yake. Hiyo ni haki yake kwa sheria, kwa hiyo hatumpi kitu tunapokubali. Halmashauri yaomba Chama kilinunue jiko lile kwa bei ya haki badala ya kulibomoa, kwa kuwa ni jiko zuri, na mvua za masika zikija wakaaji hawatakuwa na pengine pa kupikia.

Kwa chumba cha nne tumegawanyika, na ndiyo sababu twaleta shauri hili kwenu. Nusu ya Halmashauri yataka mjane apewe ilani ya miezi mitatu kama kijana, kwa kuwa sharti ni moja kwa wote, na vyumba vile vilijengwa kwa wageni wanaotafuta kazi. Wapo vijana wa kwetu wanaolala sakafuni kwa jamaa zao wakingoja. Maneno hayo si ya ukatili, nasi twayaheshimu. Nusu nyingine yataka tusirudi mahakamani kabisa, bali mama apewe ruhusa mpya kwa jina lake mwenyewe, yenye tarehe ya mwisho iliyoandikwa, mpaka mtoto amalize mtihani na shule ifungwe. Kizuizi ni kanuni yetu wenyewe, isemayo kwamba ruhusa ya chumba hutolewa kwa mwanachama. Na tangu Chama kianze hatujamwandika mke wa mwanachama kuwa mwanachama kwa jina lake. Tumetafuta katika kanuni neno linalokataza jambo hilo, wala hatukuliona. Ilikuwa desturi tu. Mama mwenyewe ameleta ada ya kuingia, ikiwa katika bahasha. Katibu hakuipokea wala hakuirudisha, iko kashani.

Sisi, kwa kuwa mmetuuliza, twaunga mkono nusu hii ya pili, kwa sababu ya zile siku tisa za maji, na kwa sababu ruhusa yenye tarehe ni salama zaidi kwa Chama kuliko amri yenye jina la marehemu. Lakini kura ni yenu. Barua mbili zimekwisha kupigwa chapa, moja ya ilani na moja ya ruhusa, zote mbili zina jina la mama, na zote mbili nafasi ya tarehe iko wazi. Bwana Mwenyekiti akiisha kuhesabu mikono, tutaijaza moja na kuichana nyingine hapa hapa mezani, na Katibu ataipeleka barua hiyo leo jioni kwa mkono wake, mama akiwapo.